Ghapama: boga la kuoka lenye wali na matunda makavu

Ghapama ni boga la sikukuu la Waarmenia. Hupikwa hasa msimu wa Mwaka Mpya na wa Krismasi yao, tarehe 6 Januari, na huokwa zima likiwa limejazwa wali, matunda makavu, asali na siagi. Huko ni majira ya baridi kali: boga lenye ganda gumu limekaa ghalani tangu mavuno, na aprikoti, plamu na zabibu za kiangazi zimeshakaushwa.

Boga ndilo sufuria yenyewe, kwa hiyo uchaguzi wake una uzito. La kilo 2 hadi 2.5 linatosha watu sita. Bonyeza ganda kwa kucha. Ikizama, boga ni changa na litalegea ubavuni kabla wali haujaiva. Kikonyo kiwe kimekauka. Kitako kikae imara, maana boga linaloyumba litamwaga siagi yote kwenye trei. Tafuta lenye nyama ya unga, si ya majimaji.

Unapokata kifuniko, inamisha kisu ncha ielekee katikati, kifuniko kikae kama kizibo. Ukikata wima, kitatumbukia ndani nyama ikianza kunywea. Toa mbegu, kisha kwangua nyuzi zote kwa kijiko cha chuma. Nyuzi zikibaki, wali hushika utelezi. Paka ndani siagi na chumvi kidogo.

Vya kujazia: mchele gramu 150, aprikoti kavu 80, zabibu kavu 60, plamu kavu 60, lozi au jozi (walnut) gramu 50, siagi 70, asali vijiko vitatu vya chakula, mdalasini kijiko kimoja cha chai. Aprikoti ikikosekana, embe kavu lenye ukali kidogo linaijazia nafasi vizuri. Tende pia zinafaa, ila punguza asali hadi kijiko kimoja, la sivyo utamu unakinaisha.

Sasa mchele, na hapa ndipo wengi wanapoharibu. Uchemshe kwenye maji mengi yenye chumvi kwa dakika 7 au 8, halafu chuja. Chukua punje moja uiminye kwa vidole viwili: nje iwe laini, katikati kibaki kiini cheupe kigumu. Ukitia mchele mbichi, matunda makavu na asali vitaugombea maji machache yaliyomo, na punje zitabaki kama changarawe hata boga likiwa limeiva. Ukitia wali ulioiva kabisa, utapakua bokoboko.

Kata aprikoti na plamu ndogondogo, ukubwa wa zabibu. Kaanga matunda na lozi kwenye siagi, moto mdogo, kama dakika tatu, hadi zabibu zivimbe. Epua, changanya na wali, asali na mdalasini. Jaza boga bila kushindilia na uache nafasi ya vidole viwili juu, kwa kuwa wali bado utavimba. Mimina nusu kikombe cha maji ya moto, funika.

Oveni iwe imeshapata moto wa nyuzi 180. Weka maji kidogo kwenye trei ili kitako kisiungue. Muda ni saa moja na robo hadi saa moja na dakika 45, kutegemea unene wa nyama. Ikifika saa moja, fungua uonje punje. Zikiwa ngumu, ongeza vijiko vitatu vya maji ya moto. Boga limeiva kisu chembamba kikipenya ubavu bila kusukumwa. Kwa jiko la mkaa, tumia sufuria nzito, weka makaa machache chini na palia mengi juu ya mfuniko. Moto wa chini ukizidi, kitako hupasuka na siagi yote huishia kwenye sufuria.

Liache litulie dakika 15. Kisha kata kutoka mdomoni kushuka hadi karibu na kitako, vipande sita au vinane, boga lifunguke kama ua na wali ubaki katikati. Kila mtu apate nyama na wali pamoja. Boga lenyewe limekunywa asali na siagi, usiliache sahanini.

Kikibaki, tenga wali na boga kabla ya kuweka kwenye friji, kwa sababu nyama huendelea kutoa maji na kufikia asubuhi wali utakuwa umelowa.