Mnara Uliobaki Bila Kanisa

Wapendwa katika Bwana, Tumsifu Yesu Kristo.

Wiki hii picha ya mnara wa kanisa uliochomoza katikati ya ziwa imezunguka tena kwenye makundi yetu, chini yake pameandikwa: "Maji yameishindwa nyumba ya Mungu. Sema Amina." Amina zimemiminika. Kabla hujaongeza yako, ijue habari yenyewe.

Mnara huo uko Graun, kaskazini mwa Italia, karibu na mpaka wa Austria. Ulijengwa karne ya 14. Mwaka 1950 lilikamilika bwawa la umeme lililounganisha maziwa mawili ya asili na kuinua maji kwa mita 22. Nyumba 163 zilibomolewa, hekta 523 za mashamba na malisho zikafunikwa. Padri wao, Alfred Rieper, alifika hata kwa Papa Pius XII kuwatetea waumini wake. Bwawa likajengwa vilevile. Kengele zilishushwa Julai 1950, kisha jengo la ibada likabomolewa kwa baruti. Mnara uliachwa kwa kuwa ulikuwa jengo la kale lililolindwa. (Wanaodai kusikia kengele zikilia ziwani wakati wa baridi wakumbuke kwamba zilishaondolewa.)

Basi tunasema Amina kwa nini? Pale hapana madhabahu wala kiti cha kuungamia. Kuna jina la kanisa tu, refu, linalopendeza kupigwa picha. Katika kitabu cha Ufunuo, Bwana aliliambia kanisa la mji wa Sardi: "Una jina la kuwa hai, nawe umekufa." Nasi tunatangaza mikesha kwa vipaza sauti huku wazee wawili wa kanisa hawapeani mkono.

Hata hivyo Bwana hakuamuru kilichobaki kiangushwe. Alisema, "ukayaimarishe mambo yaliyosalia." Mafundi wanaijua kazi hiyo, nyufa za mnara wa Graun zilikarabatiwa mwaka 2009. Ziwa lile huganda mpaka watu wanaufikia mnara kwa miguu. Maji yaliyoingia ufani yakiganda hutanuka kwa karibu asilimia 9, yakapasua chokaa kati ya mawe, na ufa hupanuka kila mwaka. Fundi wa mawe husubiri maji yapungue, akakwangua chokaa iliyooza hadi akute iliyo imara, akafagia vumbi, akalowesha, ndipo akajaza chokaa mpya tabaka kwa tabaka, kila moja ikishika kwanza. Mwenye haraka hupaka saruji ngumu juu. Unyevu hubaki umefungiwa ndani, na baridi inayofuata hubandua saruji pamoja na uso wa jiwe.

Ndugu zangu, wengi wetu tumepaka saruji! "Nimemsamehe, ila asinisogelee." "Nimetubu," na deni la jirani halijalipwa. Kwangua, mpendwa, hata kama inauma. Roho Mtakatifu haogopi kuona kilichooza, anangoja umwonyeshe. Mtaje uliyemkosea, litaje kosa, rudisha kilicho chake, kisha umpe muda, wala usimdai kicheko siku hiyohiyo.

Tusome Ufunuo 3:1-6 nyumbani kabla ya Jumapili. Wale wazee wawili waanze wao, kabla ya Meza ya Bwana.