Wolfgang Kohlhaase: maneno machache ya mtaa wa Berlin

Anayetaka kujifunza kuandika mazungumzo ya filamu aanze na asubuhi moja ndani ya Solo Sunny (1980), filamu aliyoiandika Mjerumani Wolfgang Kohlhaase. Mwimbaji Sunny anamwambia mwanamume aliyelala kwake kwamba kifungua kinywa hakimo. Yule akitaka kulalamika, anaelezwa kuwa mjadala nao haumo. Kauli ya kwanza ina maneno matatu tu kwa Kijerumani, na tayari tumemjua mwanamke huyu: kwake ni kwake, na hambembelezi mtu. Mwandishi dhaifu angempa hotuba.

Kohlhaase alizaliwa Berlin mwaka 1931, akafia hukohuko 2022. Alianzia magazeti ya vijana, akaingia DEFA, studio ya serikali ya Ujerumani Mashariki, na tangu 1952 akajitegemea kama mwandishi.

Kwenye DEFA mwandishi alitoa senario, yaani matini inayosomeka kama hadithi. Mwongozaji ndiye aliyeigeuza kuwa mswada wa kupigia picha, shoti kwa shoti. Mpango huo ulimfaa Kohlhaase sana, kwani kamera haikuwa mzigo wake. Kazi yake ilikuwa watu na vinywa vyao. Lakini matini ilipita kwa wahariri wa studio, kisha kwa wakubwa wa serikali, na popote pale ingeweza kukwama. Hata filamu iliyokwisha kupigwa haikuwa salama. Desemba 1965 kikao cha kamati kuu ya chama tawala kilizishambulia filamu kadhaa, na Berlin um die Ecke, aliyoiandika kwa ajili ya mwongozaji Gerhard Klein, ikazuiwa kabla ya kukamilishwa. Watazamaji walisubiri zaidi ya miaka 20.

Ich war neunzehn (1968) ina somo jingine. Mwongozaji wake Konrad Wolf, Mjerumani aliyerudi kwao akiwa na sare ya Jeshi Jekundu la Kisovieti, alikuwa na kumbukumbu za vita. Kohlhaase hakuzisukuma ziwe kisa kimoja chenye kilele. Aliziacha ziwe siku na watu wanaokutana njiani. Muundo huo huporomoka upesi usipokuwa na swali linalovuta, na hapa lipo: kijana wa filamu hii, Mjerumani mwenye sare ya Kisovieti, ni wa upande gani?

Ukuta wa Berlin ulipoanguka hakuweka kalamu chini. Aliandikia televisheni Der Hauptmann von Köpenick (1997), kisha Sommer vorm Balkon (2005) ya mwongozaji Andreas Dresen, iliyompa Kohlhaase tuzo ya mswada kwenye tamasha la filamu la San Sebastián akiwa na miaka 74. Wanawake wawili, balkoni moja, chupa ya kinywaji. Na mtaa ni Prenzlauer Berg, uleule aliokuwa akiishi Sunny.