Pini Nane za Maikrofoni ya Mezani

Juzi usiku, nikiwa nyumbani Ngamiani, Tanga, niliifungua maikrofoni ya mezani niliyopewa na mjomba, iliyofungwa waya kwa mpangilio wa redio za mawasiliano za Kenwood, ili niiunganishe na redio yangu ya kurushia na kupokea ya kampuni nyingine, Icom. Plagi zote mbili ni za duara zenye pini 8 na zinaingiliana vizuri kabisa, jambo ambalo ndilo hatari yenyewe: kwa Kenwood pini ya 2 ni ya swichi ya kurushia, ilhali kwa Icom pini hiyohiyo hubeba volti 8, hivyo ukibonyeza swichi unaupeleka umeme huo moja kwa moja kwenye ethi (waya wa ardhi). Nilipima kila waya kwa mita, nikahamishia swichi pini ya 5 na ethi yake pini ya 6. Pini ya 1, ya sauti, haikuhama. Hapo niliongeza tu kapasita ya kuzuia umeme unaotoka kwenye redio, kwa kuwa maikrofoni hii ni ya koili na haihitaji umeme huo.