Nilivyopanda barafu ya Rwenzori na suruali ya mivumba kutoka Owino

Nianze na suruali manake ndo kitu kila aliyeona picha zangu za milima ya Rwenzori, huku magharibi mwa Uganda, ananiuliza. Ile suruali nyekundu nene ya watu wa ski niliinunua soko la Owino, kwenye mivumba, yaani mitumba, kwa mama mmoja anayeuza majaketi mazito ambayo hapa Kampala hakuna anayeyahitaji isipokuwa bodaboda wa usiku na askari wa getini. Kumbe huko Ulaya watu wakizichoka nguo zao za theluji zinaingia kwenye marobota zinakuja kutua huku zikiwa nzima kabisa, na jaketi nililolichukua pamoja nayo zipu yake ilikuwa bado inaning'inia tiketi ya lifti ya mlimani, kikadi cha plastiki kina picha ya kilele na maandishi yameshafutika. Nikamuuliza mama hii ya nini, akanijibu bila hata kuangalia, "Ssebo, hiyo bei yao, yangu mimi nakwambia sasa hivi."

Swali la pili ndo hilo la kuteleza. Watu wanaona theluji wanadhani kule juu kuna wazungu wanashuka mlima na vile vibao viwili miguuni kama kwenye TV. Hakuna kitu hicho. Rwenzori hakuna lifti, hakuna hoteli ya kuota moto, na barafu yenyewe ina nyufa, mtu akianza kuteleza pale hatujui atasimamia wapi. Kule unatembea tu juu ya barafu mmefungwa kamba moja, na kwa mtu wa Tanga kama mimi, niliyekuja Kampala na kazi ya kutoa mizigo na theluji nilikuwa naijua ile ya ndani ya friza, hiyo ilitosha kabisa.

Kilichonivutia zaidi ya barafu ni utulivu. Binamu yangu alishapanda Kilimanjaro, anasema usiku wa kwenda kileleni ukitazama juu unaona msitari wa tochi na ukitazama chini msitari mwingine. Mimi foleni nazijua za magari pale Nakawa, Kampala, zinanitosha. Rwenzori wanaopanda ni wachache mno ukilinganisha, sababu ni mbali, kuna matope, na kilele cha juu kabisa, Margherita, hukifiki kwa siku mbili tatu, ni safari ya karibu wiki nzima kwenda na kurudi. Pia inabidi ujipange kipesa, japo kiingilio cha hifadhi sisi raia wa Afrika Mashariki tunalipa kidogo kuliko wageni wa mbali.

Nilienda Januari, wakati kunakoitwa kukavu, basi la Kampala mpaka Kasese unafika kiuno kimekufa. Kasese kwenyewe ni joto, nikapata moyo nikajua nimefika nyumbani, halafu ukiinua macho unaona ukuta wa milima umefunikwa na mawingu na unaambiwa barafu iko nyuma ya hayo mawingu, ikweta yenyewe iko karibu tu hapo kusini. Ukatoka hapo unaingia Kilembe kwenye migodi ya shaba ya zamani, mitambo imekaa na kutu na nyumba za wafanyakazi zimepangwa kando ya mto Nyamwamba, na hapo ndo tulipopimiwa vifaa.

Sasa hapa ndo pa maana. Kiongozi wetu ni mzee wa Kikonzo, Kiswahili chake ni kile cha upande wa mpaka wa Kongo, hakuuliza habari za mazoezi wala kifua, aliniambia "Kijana, leta miguu." Akanivalisha kiatu kigumu cha kupandia nikiwa na soksi mbili, akanisimamisha kwenye ngazi uso umeangalia chini, akaniuliza vidole vinagusa mbele? Vinagusa. Akabadilisha namba. Tena. Nikaona anapoteza muda kwa kweli, wenzangu walishamaliza wanakunywa chai. Halafu akaniambia soksi za barafu, zile za sufu nzito, nizifunge kwenye kaveera mbili, mifuko ya plastiki, nizisahau mpaka usiku wenyewe, nisizivae hata baridi ikinishika vipi kambini.

Njia ya chini nisiieleze sana, ni gambuti tu. Unapita msituni, unapita mianzi, halafu unaingia kwenye miti ambayo matawi yake yamefuga ndevu za kijani na chini ni matope yanayoshika mguu hayataki kuachia. Juu zaidi kuna yale mabonde ya kinamasi, unaruka kutoka kichaka cha majani hadi kingine, ukikosea gambuti linajaa, na kando yako yamesimama malobelia, mimea ya huko milimani, yamekuzidi urefu. Mvua ilinyesha hiyo hiyo Januari kavu. Mahali wameweka njia za mbao nilikuwa nawaombea dua waliozibeba. Wapagazi walikuwa wanatupita na mizigo mgongoni wanapiga stori, sisi tunahema, na mzee kila nikiongeza mwendo ananirudisha: "Mulima haina mbio." Kambi ya Bugata, mita 4,062, kichwa kikaanza kunigonga, akanibana kidole na kile kimashine cha kupima oksijeni, akaniongezea maji ya moto na kunikatalia kulala mchana, jioni nikawa sawa.

Mpaka hapo watu tuliokutana nao njiani ungewaweka kwenye taxi moja na konda akaendelea kuita abiria.

Kambi ya mwisho iko mita 4,485, chini ya majabali. Tuliamshwa saa saba usiku, uji wa moto, chai yenye sukari mpaka inashika ulimi, na ndo nikafungua kaveera. Jamani soksi kavu! Baada ya siku zote zile za unyevu, kila kitu kwenye begi kinanuka ukungu, unaingiza mguu kwenye sufu kavu yenye joto (nililala nazo ndani ya slipingi begi), nilikaa pale kwenye ukingo wa kitanda nimetulia mpaka wakaniita. Chupa ya maji mzee akaniambia niibebe imepinduliwa, mdomo chini, sababu maji yanaanza kuganda juu, ukiibeba kawaida mdomo unaziba na maji unayaona hayanyweki. Simu ikae mfuko wa ndani karibu na ngozi, baridi inaua chaji haraka sana.

Kwanza ni miamba, giza, tochi ya kichwani inakuonyesha mita chache tu na naona hiyo ilikuwa neema. Halafu mwamba ukaisha na mwanga wa tochi ukaanza kurudi machoni, nikajua tumefika. Barafu ya Stanley, mlima wenye hicho kilele cha Margherita. Hapo tukakaa chini kuvaa kramponi, yale mameno ya chuma ya chini ya kiatu, na mzee akapiga magoti akazifunga zangu mwenyewe, mikanda iliyobaki akaichomeka ndani mpaka haionekani, maana mkanda ukining'inia mguu mwingine unaukanyaga na mnaanguka wote mliofungwa pamoja.

Kutembea na hivyo vitu ni kuanza upya. Miguu inatakiwa iachane, upana kuliko kawaida, usije ukajichana suruali au ukajikwaa mwenyewe, na unyayo unauweka chini wote kwa mara moja ili meno yote yaingie. Mimi nilikuwa natembea kwa vidole, nadhani ni mwili unaogopa tu, na mtu akitembea kwa vidole meno mawili tu ndo yanashika. Mzee akavuta kamba kidogo akasimama. "Kanyaga kama mutu ya nyumba, usikanyage kama mwizi." Nikakanyaga. Ile sauti ya meno yakiingia kwenye barafu ni mtu anakwangua ukoko chini ya sufuria, na nikashangaa, mguu haukwenda popote. Umeshika. Nikaweka mwingine. Baada ya muda nikaacha kuangalia viatu nikawa nasikiliza tu, sauti ikiwa safi ujue umeshika, ikiwa nyepesi rudia. Shoka linakaa mkono wa upande wa juu wa mlima, kamba isilegee ikaburuta chini wala isikaze ukamvuta mwenzio, na usiikanyage kamwe, na meno yale.

Sehemu ya kwanza ni tambarare kidogo, halafu unashuka tena kwenye miamba umeshika kamba zilizofungwa pale, na hapo nilitukana kidogo sababu nani anashuka wakati anaenda juu. Ndo ukapanda barafu ya Margherita yenyewe, hiyo imesimama. Hapo nikawa naenda hatua, pumzi mbili, hatua, pumzi mbili. Hewa ya huko oksijeni unayoipata ni karibu nusu ya unayovuta ukiwa ufukweni kwetu na mwili unajua kabisa umeibiwa.

Jua likatoka tukiwa bado kwenye barafu. Miwani nikavaa haraka, mwanga wa theluji unachoma macho. Rangi kwanza ilikuwa bluu, ikaja waridi, halafu nyeupe ambayo sijawahi kuiona kwenye kitu chochote, na upande wa Kongo mawingu yamejaa mabonde yote. Nikageuka kuangalia tulikotoka. Hakuna mtu. Barafu yote ile, na ni sisi na nyayo zetu tu. Baadaye tukaona watu wawili na kiongozi wao wanatokea upande wa njia nyingine, tukapungiana mikono, basi, hao ndo majirani wetu wa siku nzima.

Kileleni, mita 5,109, ni mawe na kibao, mpaka wa Uganda na Kongo unapita hapo hapo, nikaweka mguu mmoja kila upande bila pasipoti. Watu wa kwanza kufika walikuwa Waitaliano wa msafara wa Abruzzi, mwana wa ukoo wao wa kifalme, mwaka 1906, na jina la kilele ni la malkia wao. Mwaka huo barafu zenye majina zilikuwa 43 kwenye milima sita. Kufikia 2005 zilikuwa zimebaki kwenye milima mitatu tu, na zote pamoja hazikufika hata kilomita mbili za mraba. Mzee hakuhitaji hizo namba, alinionyesha kwa shoka jabali jeusi liko juu kabisa ya vichwa vyetu akasema alipoanza kazi barafu ilikuwa inagusa pale, wanatembea wamenyooka, hizi kamba na kushuka shuka hazikuwepo. Hakusema kwa huzuni, alisema mtu anavyokuelekeza barabara iliyohamishwa. Nikakaa kimya maana ya kusema sikuwa nayo.

Kushuka ni unyayo wote vile vile, magoti yamekunjwa kidogo, na theluji kufikia saa nne asubuhi imeshalainika inajibandika chini ya kramponi, unagonga na shoka ianguke la sivyo umesimama juu ya donge na siyo juu ya meno. Suruali ya Owino ilikaa mvua na theluji haikuingiza hata tone, glavu nilizonunua dukani kwa bei ndo zililowa zikaganda, sasa sijui nimlalamikie nani.

Ambacho sikuambiwa na mtu ni kucha. Kushuka kutoka juu kule mpaka Kilembe ni siku za kuteremka mfululizo, vidole vinagonga mbele ya kiatu maelfu ya mara, na jamaa mmoja tuliyekuwa naye kucha zake mbili kubwa zikawa nyeusi mpaka akamaliza safari na kandambili na soksi. Zangu zilipona, sababu ya ule upimaji wa kwenye ngazi niliokuwa nauona kupoteza muda. Binamu yangu wa Kilimanjaro ameshaanza kuniuliza bei, anataka tuje pamoja Juni au Julai kabla mvua hazijarudi, nimemwambia akate kucha kwanza, mambo ya pesa tutaongea.