Japani kwa Mwendo wa Mwongozaji

Marafiki zangu hapa Nairobi huniuliza kwa nini nililipia mwongozaji wa peke yangu katika safari ndefu ya Japani, ilhali treni za nchi hiyo hufika kwa wakati. Jibu langu ni Kinkaku-ji. Hekalu hilo la Kyoto, ambalo ghorofa zake mbili za juu zimefunikwa kwa dhahabu, wengi hulipiga picha na kuondoka. Mwongozaji wangu, mama mtu mzima asiye na haraka, alinisimamisha kando ya bwawa akanieleza kwamba jengo nililokuwa nikilitazama lilikamilishwa mwaka 1955, baada ya lile la kale kuteketezwa na mtawa kijana mwaka 1950. Tangu hapo niliacha kuuliza kila kitu kina umri gani, nikauliza kinatunzwaje. Huko Ise, kwa mfano, hekalu kuu la Shinto, dini ya jadi ya Japani, hujengwa upya kila baada ya miaka 20, jambo linalowawezesha mafundi wazee kuwarithisha vijana ufundi wao.

Tokyo tuliipita upesi, wala sikuisikitikia. Kilichonivutia zaidi ni njia ya kale ya Nakasendo: kati ya vijiji vya Magome na Tsumago tulitembea takriban kilomita 8 msituni, tukipiga kengele zilizowekwa njiani ili kuwafukuza dubu. (Mimi niliyezoea habari za nyati wa Aberdare nilizipiga kwa bidii kuliko mwongozaji wangu.) Gharama ni kubwa, sikatai, anayetaka kuipunguza amwajiri mwongozaji kwa Kyoto na Nara pekee, kwingine ajiendee kwa treni.