Mungu Aliyesimama Juu ya Tofali

Kwa miaka mingi niliielewa dini ya Kihindu kama nilivyoikuta katika vitabu vya utangulizi: Brahma huumba, Vishnu hulinda, Shiva huangamiza, kuna Veda, kuna karma, kuna kuzaliwa upya. Maelezo hayo si ya uongo. Hata hivyo, siku nilipomuuliza mfanyakazi mwenzangu, Mmarathi kutoka magharibi ya India, ni nani anayeabudiwa kwao, hakunitajia hata mmoja wa hao watatu. Alinijibu kwamba wao wana Vithoba, kisha akanisimulia njia ambayo bibi yake alikuwa akiitembea kwa miguu kila mwaka, mvua za kiangazi cha kule zilipoanza, kwenda kumwona mungu huyo. Nilichopewa kama jibu la swali la dini kilikuwa jina la mji, jina la mto na hesabu ya siku za safari. Tangu hapo nimekuwa nikisoma na kuuliza, na nimefikia kuamini kwamba anayetaka kuwafahamu Wahindu aanzie hapo, kwenye mungu mwenye kwao, kabla hajafika kwenye falsafa.

Sensa ya India ya mwaka 2011 ilihesabu Wahindu wapatao milioni 966, yaani asilimia 79.8 ya wananchi wote. Umati wa namna hiyo hauwezi kuwa na ibada moja, na ukitaka kuuona utofauti wake zitazame siku tisa za sikukuu ya Navaratri, ambazo huangukia Septemba au Oktoba. Katika Gujarat watu hucheza garba usiku kucha, wakizunguka taa au sanamu ya mungu wa kike. Mji wa Mysuru hufunga sikukuu kwa maandamano ambamo sanamu ya mungu wa kike Chamundeshwari huketishwa juu ya ndovu, ndani ya kibanda cha dhahabu. Bonde la Kullu, huko Himalaya, huanza sherehe zake siku ile ile ambayo wengine wanazimaliza, na mamia ya miungu ya vijijini hubebwa kwa machela kutoka milimani kuja kumwamkia Raghunath, mungu mkuu wa bonde hilo. Kolkata nayo humpokea mungu wa kike Durga, aliyemuua pepo mwenye umbo la nyati, lakini humpokea kama binti aliyeolewa mbali, anayerudi kwa wazazi pamoja na watoto wake kwa siku chache tu. Ndiyo sababu siku ya kulizamisha sanamu lake mtoni huwa na majonzi ya kumuaga binti, na wanawake walioolewa humpaka rangi nyekundu na kumlisha vitu vitamu kabla hajaondoka. Mafundi wa mtaa wa Kumartuli humuunda kwa mianzi, majani makavu ya mpunga na udongo wa mtoni, na desturi inataka udongo kiasi uchukuliwe kwenye vizingiti vya nyumba za makahaba. Siwezi kuipita desturi hiyo bila kusimama, kwa kuwa inalazimisha mji mzima ukiri kwamba sanamu takatifu haliwezi kukamilika bila watu ambao mji huo huo hauwataki mezani pake.

Jimbo la Kerala, kusini mwa India, huenda mbali zaidi. Katika masimulizi yanayojulikana nchini kote, Vishnu alijigeuza kuwa mbilikimo, akamwomba mfalme Mahabali nchi ya hatua tatu, kisha akatanuka hadi akaumeza ulimwengu kwa hatua mbili na kumkanyagia mfalme chini ya ardhi kwa ya tatu. Mshindi ni Vishnu. Lakini watu wa Kerala, wakati wa sikukuu ya Onam, hupamba nyua zao kwa maua kumngojea aliyeshindwa, kwa sababu wanakumbuka kwamba enzi yake watu wote walikuwa sawa na hapakuwa na udanganyifu. Kisa ni kile kile, ila eneo limechagua litaegemea upande gani.

Narudi kwa Vithoba, ambaye pia huitwa Vitthal na huhesabiwa kuwa Vishnu mwenyewe. Hekalu lake liko Pandharpur, katika jimbo la Maharashtra, kando ya mto Bhima, ambao hapo hujipinda kama mwezi mwandamo na hivyo huitwa Chandrabhaga. Sanamu lake ni la jiwe jeusi, limesimama wima juu ya tofali, mikono kiunoni. Husimuliwa kwamba mungu alikuja kumtembelea kijana aitwaye Pundalik, akamkuta anawahudumia wazazi wake. Kijana hakuiacha kazi yake; alimsukumia mgeni tofali asimame juu yake ili asikanyage tope, akamwomba angoje. Mungu angali anangoja. Sijapata kukutana na kisa kingine kinachomweka Mungu kwenye nafasi ya mgeni anayesubiri mlangoni mpaka wazee wahudumiwe, wala sishangai kwamba kimependwa na wakulima, watu ambao hawana siku ya kuiacha kazi.

Kila mwaka, katika mwezi wa Ashadha, yaani Juni au Julai, mahujaji waitwao Wavarkari huelekea Pandharpur kwa miguu. Misafara mikubwa miwili huanzia Alandi na Dehu, karibu na Pune, na hutembea kwa takriban wiki tatu, mwendo wa kilomita 250 hivi. Kinachobebwa kwenye machela si sanamu la mungu, bali ni makubadhi ya fedha ya watakatifu waliotangulia: ya Dnyaneshwar kutoka Alandi na ya Tukaram kutoka Dehu. Wanawake hujitwika vyungu vyenye miche ya mrehani, wanaume hupiga matoazi na ngoma, na wote huimba mashairi yaitwayo abhanga. Wakiitana, hawatumii majina wala vyeo. Kila mmoja humwita mwenzake "mauli", yaani mama, na kijana na mzee huinamiana kugusana miguu.

Mashairi hayo yalibadilisha zaidi ya ibada. Dnyaneshwar alikamilisha ufafanuzi wake wa kitabu kitakatifu cha Bhagavad Gita mwaka 1290, akauandika kwa Kimarathi wakati ambapo elimu ya dini ilikuwa imefungiwa ndani ya Kisanskriti, lugha ambayo mkulima hakuisoma na mwanamke hakuruhusiwa kujifunza. Baada yake walikuja Namdev, aliyekuwa wa ukoo wa washonaji nguo. Janabai, mtumishi wa nyumbani kwa Namdev, aliyetunga mashairi ambamo Vitthal anakuja kumsaidia kusaga nafaka. Na katika karne ya 17, Tukaram, mkulima na mwenye duka. Mtaalamu wa jamii Irawati Karve, ambaye mwenyewe aliitembea njia hiyo, alieleza kwamba Maharashtra ni nchi ya wale waendao Pandharpur. Naukubali usemi huo. Jimbo la Maharashtra lilichorwa kwenye ramani mwaka 1960 kwa kufuata mipaka ya lugha, lakini miguu ya mahujaji ilikuwa imekwisha kulichora tangu karne nyingi nyuma. Karve huyo huyo aliona pia kwa masikitiko kwamba makundi ya mahujaji yaligawanyika kwa matabaka, kila kundi likila peke yake, ingawa wote walikuwa wakiimba usawa barabarani.

Hapo ndipo penye kiini cha jambo lenyewe. Mila ya eneo ndipo mahali ambapo jamii hujipanga, na ndipo hapo hapo inapogombana na mpango wake. Mfano mzito kuliko yote ninayoifahamu ni Theyyam, ngoma ya ibada ya kaskazini mwa Kerala, katika wilaya za Kannur na Kasaragod. Kuanzia Oktoba au Novemba, mavuno ya mpunga yakishaingia, hadi kuelekea katikati ya mwaka, miungu huja kucheza katika vichaka vitakatifu na nyua za koo. Anayecheza hutoka katika jamii zilizowekwa chini kabisa, kama vile Wavannan, Wamalayan na Wapulaya. Hujizuia na kujitakasa kwa siku kadhaa, hupakwa rangi usoni kwa saa nyingi, huvikwa taji, kisha hupewa kioo kidogo. Anapojitazama humo haioni tena sura yake, anamwona mungu, na tangu hapo yeye ni mungu. Mmiliki wa shamba ambaye jana asingemruhusu kumkaribia sasa husimama mbele yake akiwa amekunja mikono, humweleza shida zake na kupokea baraka.

Miungu yenyewe mara nyingi ni binadamu waliodhulumiwa. Muchilot Bhagavathi alikuwa msichana wa Kibrahmin, yaani wa tabaka la makuhani, aliyewashinda wanaume kwa elimu katika mjadala. Wakamzushia kwamba si msafi, wakamtenga, naye akajitupa motoni. Pottan alikuwa Mpulaya aliyekataa kumpisha njiani mwanafalsafa mkuu Shankara, akamuuliza: ukijikata wewe hutoka damu, nikijikata mimi hutoka damu, basi tofauti iko wapi? Mchezaji wa Pottan huvaa makuti machanga ya mnazi na hujilaza tena na tena juu ya lundo la makaa ya moto, huku akiliuliza swali hilo mbele ya watu wa kila daraja. Wapo hata miungu Waislamu katika kundi hilo, akiwemo Bappiriyan, baharia anayesimuliwa kuwa alifika pwani hiyo pamoja na mungu wa kike katika jahazi. Na pale Parassinikadavu, kando ya mto Valapattanam, mungu Muthappan hutolewa tembo la mnazi na samaki wakavu, vitu ambavyo mahekalu ya Kibrahmin huviona najisi, na mbwa hujipitia watakavyo.

Wapo wanaosema kwamba mambo haya ni mabaki ya ushirikina wa vijijini yanayongoja kusafishwa na dini iliyo kubwa zaidi. Nadhani wamekosea, na Puri, huko Odisha, inaonyesha kosa lao. Hekalu la Jagannath ni miongoni mwa yenye hadhi kubwa kabisa, na bado mungu wake ni gogo la mwarobaini lenye macho makubwa ya duara na mikono isiyo na viganja, asiyefanana na sanamu za mawe za mahekalu mengine. Masimulizi ya hekalu lenyewe hukiri kwamba mwanzo aliabudiwa msituni na Vishvavasu, mkuu wa kabila la Wasabara, na wahudumu waitwao Wadaita, wanaohesabiwa kuwa wazao wake, hadi leo ndio wanaomhudumia kama jamaa zake wa damu. Kila baada ya miaka 8 hadi 19 magogo mapya hutafutwa na mungu huhamia mwili mwingine, mara ya mwisho ikiwa mwaka 2015. Wakati wa sikukuu ya magari ya mbao, mfalme wa ukoo wa Gajapati hufagia majukwaa ya magari hayo kwa ufagio wenye mpini wa dhahabu, kama mfagiaji yeyote. Mwanasosholojia M. N. Srinivas alieleza katika miaka ya 1950 jinsi jamii za chini zinavyoiga mila za Kibrahmin ili zipande hadhi. Ni kweli, lakini Puri hutuonyesha pia njia ya kurudi, ambayo kwayo mungu wa msituni huingia ikulu na kuwafanya wafalme kuwa watumishi wake.

Nguvu kama hiyo haikosi wa kuitumia. Mwaka 1893 Bal Gangadhar Tilak, mpigania uhuru, aliihimiza ibada ya Ganesha, mungu mwenye kichwa cha ndovu, itoke majumbani na kuingia barabarani mjini Pune, ili iwe mahali pa watu kukutana na kusikiliza hotuba chini ya utawala wa Waingereza uliokuwa ukiitilia shaka mikutano ya kisiasa. Ilifaulu, na sikukuu ikawa ya mitaa mizima. Kwa upande mwingine, Chhath, ibada ya jua ya jimbo la Bihar, imebaki karibu bila mkuu wala kuhani: wanawake hufunga kwa muda wa saa 36 hivi bila hata maji, husimama mtoni na kulitolea sadaka jua linalotua, kisha lile linalochomoza. Sadaka huwekwa katika nyungo za mianzi zinazosukwa na Wadomu, jamii iliyodharauliwa kwa karne nyingi, na hakuna nyumba ya tabaka la juu inayoweza kuikamilisha ibada bila ungo huo.

Nimeyaandika haya kwa mapenzi, lakini mapenzi yasifiche kitu. Mchezaji wa Theyyam akishavua taji lake hurudi kuwa kibarua, na yule aliyemwinamia hurudi kuwa bwana. Kupinduliwa kwa mpango kwa usiku mmoja hakukuwafungulia watu milango ya mahekalu. Iliyofungua ni mapambano na sheria. Travancore, ufalme uliokuwa kusini mwa Kerala ya leo, ilitoa tangazo la kuwaruhusu watu wa matabaka yote kuingia mahekaluni tarehe 12 Novemba 1936. Mwaka 1947 Sane Guruji, mwalimu na mwandishi wa Kimarathi, alifunga kula ili hekalu la Pandharpur liwapokee waliokuwa wakiitwa wasioguswa. Katiba iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950 ilipiga marufuku nchini kote kuwatenga watu kama najisi.

Mmoja wa waliozuiwa mlangoni pale Pandharpur alikuwa Chokhamela, Mmahar, yaani mtu wa jamii iliyohesabiwa kuwa ya wasioguswa, wa karne ya 14, mshairi aliyemwimbia Vitthal maisha yake yote bila kuruhusiwa kumwona. B. R. Ambedkar, kiongozi wa wasioguswa ambaye naye alizaliwa Mmahar, alimtaja katika tabaruku ya kitabu chake cha mwaka 1948 kuhusu wasioguswa, kisha tarehe 14 Oktoba 1956 akaiacha dini ya Kihindu mjini Nagpur, akaingia Ubudha pamoja na umati mkubwa wa watu wake. Kaburi la Chokhamela lipo mbele ya ngazi za hekalu la Pandharpur, nje ya mlango, na mahujaji waliokwisha kutembea wiki tatu humwinamia yeye kwanza, ndipo wapande.