Filamu Yetu Itaishia Mlangoni

Leo asubuhi tulikuwa Zinacantán, kwenye nyanda za juu za Chiapas, kusini mwa Meksiko, tukimrekodi mama mmoja wa Kitzotzil, jamii mojawapo ya Wamaya, akifuma. Ncha moja ya mtande, yaani nyuzi za urefu wa kitambaa, ameifunga kwenye nguzo ya baraza, nyingine kwenye mkanda unaomzunguka kiunoni. Akiegemea nyuma nyuzi zinakaza, akijisogeza mbele zinalegea. Alikubali turekodi mikono yake; uso, hapana. Nikaiacha kamera iende bila kukata, maana kazi ile ni ya mwili mzima na inataka muda wake.

Watu wa Zinacantán wanalima maua ya kuuza, na shali zao zimejaa maua hayo hayo. Siku hizi mengi yanadariziwa kwa cherehani. Hilo nalo nitalionyesha. Sitaki filamu inayojifanya cherehani haijafika huku.

Mchana tukaenda San Juan Chamula, mji jirani wa Watzotzil. Ndani ya kanisa ni marufuku kupiga picha, na wenyewe hawafanyi mzaha na katazo hilo. Hakuna mabenchi. Sakafu imetandazwa majani mabichi ya msonobari, familia zimepiga magoti mbele ya mishumaa iliyogandishwa chini. Mganga anaomba kwa Kitzotzil, pembeni yake kuna kuku, mayai, chupa za soda na pox, pombe kali ya miwa. Mwenzangu wa sauti akauliza kama tungewaendea wazee kuomba kibali maalumu. Nilikataa, na usiku huu bado nakataa. Mgonjwa aliyeletwa pale amefuata uzima wake, hakuja kutuigizia. Filamu yetu itaishia mlangoni.

Kinachonipa moyo ni kwamba kamera haziko mikononi mwa wageni peke yao. Tangu 1992, mradi wa Chiapas Photography Project umewafundisha Wamaya wa Chiapas upigaji picha. Mpiga picha Maruch Sántiz Gómez, mzaliwa wa Cruztón huko Chamula, alitumia kamera kuhifadhi imani na miiko aliyoikuta kwa wazee wake. Mtu kama huyo hahitaji kuelezwa kipi kipigwe na kipi kiachwe.

Kesho, katika mji wa San Cristóbal, nitaonana na vijana wa Kitzotzil wanaorekodi video. Nitawaomba mmoja wao akae nami tangu siku ya kwanza ya kuhariri, awe na haki ya kukata. Nakala kamili ya tulichorekodi itabaki kwa yule mama na familia yake.